Neno Lililozidi Kwenye Toleo la Mkononi

Galinoma Kikoti alisoma kwa kidole. Macho yake hayakuwa mabovu. Aliacha shule darasa la tano, wakati wenzake ndio kwanza wanajifunza kusoma haraka, na tangu hapo hakuwahi kujua namna ya kuruka neno. Watu wanaosoma karatasi kwa kuitupia jicho walimcheka. Lakini ndiyo sababu aliajiriwa. Baraza la Suluhu la kata ya Lihungo lilihangaika miaka minne kutafuta mlinganishi, mtu wa kulinganisha matoleo mawili ya kila mchezo wa usuluhishi, likajaribu vijana watatu wenye vyeti, na wote watatu wakasaini michezo ambayo hawakuimaliza. Galinoma, fundi redio, alipopewa karatasi ya majaribio alitumia saa nzima kwa kurasa mbili, akatoka na makosa sita. Matano yaliwekwa kwa makusudi. La sita hata waliomtahini hawakulijua.

Sasa alikuwa siku ya tatu kwenye mchezo wa Gama na Kapaya. Kushoto kwake ilikaa kompyuta ya baraza, yenye kioo kipana kama mlango wa kabati. Kulia kilikaa kimashine cha mkononi, kinachoenea kwenye mfuko wa shati, mgongo wake wa kunywea jua ukiwa umechunika kwa kushikwashikwa. Anabonyeza kushoto, anasoma. Anabonyeza kulia, anasoma. Maneno yakifanana, anatia alama daftarini. Yasipofanana, anaandika.

Tofauti ndogo zilikuwepo na sheria iliziruhusu. Kwenye kompyuta picha ilikuwa nzima: uwanja wa nyumba, migomba, kuku, milima kwa mbali. Kwenye mkononi kingo zilikatwa, ukabaki na uso wa mtu na kipande cha mgomba. Kwenye kompyuta watu walisema kwa sauti zao wenyewe. Kwenye mkononi sauti hazikuenea, kulikuwa na maandishi tu na kinanda kilicholia kama mbu mwenye adabu. Machaguo, yale maswali ya "utamjibu nini?", kompyuta iliyapanga pembeni, lakini mkononi uliyaficha chini mpaka uyavute kwa kidole gumba. Hayo yaliitwa tofauti za umbo. Kilichokatazwa ni tofauti ya neno. Neno moja likizidi au likipungua, mchezo mzima ni batili.

Galinoma alikuwa na maoni yake, ingawa hakuna aliyeyaomba. Kompyuta ilikuwa nzuri kwa kumwona mtu. Mkononi ulikuwa mzuri kwa kukaa na mtu. Mgomvi aliyechezea nyumbani, kitandani au jikoni, huku amemshika adui yake kiganjani, alilainika upesi kuliko aliyeketi ukumbini mgongo wima. Na kazi ya mchezo ilikuwa hiyohiyo, kulainisha. Mashine inayoitwa Msimulizi ilikusanya maelezo ya pande zote, picha, na kila rekodi iliyopatikana kwenye simu za ukoo, ikaunda hadithi ya picha. Kisha kila mgomvi alicheza akiwa mwenzake. Ukiwa unamdai mtu ng'ombe, unacheza wewe ndiye unayedaiwa. Ukimaliza, ndipo unakaa naye mezani.

Mlango ulifunguliwa, akaingia Redempta Nchimbi, katibu wa baraza, na kikombe cha chai.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba. Bado."

"Sijauliza kitu."

"Leo si siku yako ya kuleta chai. Umeuliza."

Redempta alicheka, akaweka kikombe mbali na daftari maana alishakemewa mara moja. "Nina habari njema lakini. Mama Longina amemaliza mchezo wake. Ijumaa yuko tayari kukaa mezani. Na mzee, amesema atakuja na kuku."

Kidole cha Galinoma kilisimama. "Amemaliza upi?"

"Wa mkononi."

"Huu? Ambao sijausaini?"

Redempta aliangalia dirishani. "Magoti yake, mzee. Hawezi kuteremka hapa kila siku. Nikampa nakala mapema. Nilijua utasaini tu, lini mchezo wetu ulikosewa?"

"Ungenijua vizuri usingejua hivyo," Galinoma alisema, akarudi kwenye kazi. Lakini moyoni alifurahi kidogo, hakuweza kujizuia. Kuku! Miezi saba mama huyu hakutaka hata kusikia jina la Luhende Kapaya likitajwa mbele yake.

Ugomvi wenyewe mgeni angeushangaa. Mume wa Longina, Kassian Gama, alifariki mwezi wa pili. Rafiki yake wa miaka thelathini na moja alikuwa Luhende, Mnyamwezi aliyekuja huku Ungoni kutengeneza matrekta akasahau kurudi Tabora. Walikuwa watani. Na kila mtu anajua kazi ya mtani msibani. Watu wakilia, yeye anachekesha. Anajilaza kaburini kabla ya jeneza na hatoki mpaka apewe jogoo. Anamsema marehemu kwa uvivu wake, ulafi wake, matege yake, mpaka wafiwa wapate pumzi. Siku ile watani wengine walimwachia Luhende nafasi, kwa sababu Kassian alikuwa wake. Luhende akasimama ukingoni mwa kaburi, akanyamaza. Hakulala, hakudai, hakutukana. Udongo ukarudishwa.

"Amemzika mume wangu kama mzururaji aliyeokotwa njiani," Longina alisema baada ya matanga. "Alikuwa na kinyongo naye. Angempenda angemtukana."

Wiki ya pili akapeleka barua. Nyumba ya Luhende ilisimama kwenye ardhi ya Gama. Kassian alimpa kiwanja kwa mdomo, bila karatasi, na karatasi zote zilisema Gama. Longina alitaka aondoke. Suluhu ikishindikana, jalada linakwenda mahakama ya ardhi, na huko wanasikiliza karatasi tu. Luhende angefunga virago vyake akiwa na miaka sitini na sita, arudi Tabora ambako waliomjua wote wako makaburini.

Galinoma alibonyeza kushoto. Ukurasa wa mia mbili na kumi na nne.

Kaburi. Luhende ukingoni, kofia mkononi, uso wote ukionekana. Hakukuwa na maandishi chini. Sauti zilikuwa za vilio na za koleo kwenye udongo. Picha ilisogea kidogo, kama zinavyosogea za Msimulizi: mdomo wa Luhende ukafunguka, ukafunga. Ukafunguka tena, ukafunga. Mara ya tatu taya lilitetemeka. Sekunde arobaini. Galinoma alizihesabu, akaandika daftarini: *214, kompyuta, hakuna neno.*

Akabonyeza kulia. Uso uleule, mdogo kama kifuniko cha chupa. Chini yake palikuwa na maandishi.

*LUHENDE: Amka, we Mngoni mvivu! Umeniachia mahindi yote nipukuchue peke yangu?*

Galinoma alipitisha kidole chini ya kila neno. Akarudia. Akakizima kimashine, akakiwasha, akafika tena palepale. Maneno yalikuwepo.

"Redempta," aliita. "Hebu njoo huku na hayo macho yako ya haraka."

* * *

Redempta alichukua dakika kumi kujua chanzo. Alifungua kumbukumbu za Msimulizi, akazisoma akiuma kucha.

"Ni programu mpya iliyoingia mwezi wa sita," alisema. "Kwenye mkononi, ukurasa ukikaa bila neno watu wanadhani kimashine kimeganda. Wanakizima, wanakigongagonga, wanakirudisha hapa wakisema kibovu. Kwa hiyo waliotengeneza wameweka kanuni. Ukurasa mtupu ujazwe. Msimulizi anatafuta maneno ya mtu huyohuyo, akimwambia mwenzake huyohuyo, anayaweka hapo."

"Haya aliyasema lini?"

"Ukurasa wa sitini na moja. Siku ile Kassian alisinzia juu ya magunia wakati wa kupukuchua. Mtu aliwarekodi."

Galinoma aliukumbuka ukurasa huo, aliupitia juzi akacheka peke yake. "Kwa hiyo mashine imeona mtu amenyamaza kaburini, ikadhani ni ubovu."

"Ndiyo."

"Na Mama Longina amesoma kwamba Luhende alifanya utani wake."

Redempta alivuta kiti, akaketi karibu, akashusha sauti ingawa ukumbini hawakuwepo wengine. "Mzee, nisikilize. Najua nilichokosea. Lakini mchezo ukiwa batili, sheria hairuhusu kuutengeneza upya kabla ya miezi sita. Jalada halingoji. Jumatatu linakwenda mahakamani na yule mzee anahamishwa kabla ya mvua. Ukisaini, Ijumaa wanakula kuku. Nani anaumia?"

"Atamsamehe kwa jambo ambalo halikutokea."

"Usiposaini atamchukia kwa jambo lililotokea. Wewe unaona lipi afadhali?"

Galinoma aliishika kalamu. Palikuwa na mstari mmoja tu wa kujaza: *Matoleo yanafanana / hayafanani.* Kukata neno moja, basi. Alishakata la pili mara mia na zaidi bila kufikiri. Aliirudisha kalamu mezani.

"Umesema Ijumaa," alisema. "Leo Jumatano. Usinisukume."

* * *

Alhamisi mchana alipanda kwa Luhende. Alimkuta barazani akichonga mzinga wa nyuki, vipande vya mti vikiwa vimemjaa mapajani. Nyumba ilikuwa ndogo na safi, bati limepakwa rangi ya bluu, na nyuma yake shamba la Gama lilianza bila uzio wowote.

"Karibu, Mhehe mla mbwa," alisema Luhende. "Nimemfunga wangu kwa ndani, usihangaike kumtafuta."

"Mbwa wako amekonda kama mwenyewe. Nitamrudia akinenepa." Galinoma aliketi kwenye gogo. Hakuwa mtu wa kuzunguka. "Luhende, kwa nini ulinyamaza kaburini?"

Patasi ilisimama. Luhende aliucheza mchezo wake ukumbini, kwenye kompyuta, kwa sababu macho yake hayakuweza maandishi ya mkononi. Alifika ukurasa ule akaomba maji, akaendelea.

"Niliandaa," alisema. "Tangu alfajiri niliandaa. Nilikuwa na maneno ya kumsema mpaka padri angecheka. Nilichagua na jogoo, yule mwekundu wa Longina mwenye kiburi. Nikafika pale, nikafungua mdomo." Aliufungua, akauonyesha, kama mtu anayeonyesha jino bovu. "Hamna. Nikajaribu tena. Hamna. Kassian angenicheka sana."

"Ungemweleza mama."

"Nimweleze nini? Kwamba mtani wa mumewe alilia kama mjane wa pili? Si ningemwaibisha zaidi."

Galinoma alimweleza yaliyo kwenye toleo la mkononi. Hakupamba. Alisoma maneno yale kutoka daftarini, kidole kikiyafuata. Luhende alisikiliza bila kumtazama, na alipomaliza alipangusa vipande vya mti mapajani.

"Alikuwa amelala mdomo wazi," Luhende alisema mwishowe. "Siku ile ya mahindi. Nilimtia punje mdomoni." Alitabasamu, kisha tabasamu likaisha. "Saini, Galinoma."

"Unajua ni uongo."

"Ni maneno yangu. Niliyasema mimi, nilimwambia yeye. Mashine imeyachelewesha tu miaka miwili. Saini. Unataka nibebe vitu vyangu nipeleke wapi?"

Galinoma alimtazama yule mzee, akaitazama nyumba ya bluu. Alipenda sana kusema ndiyo. Lilikuwa neno fupi na lingewafurahisha watu watatu.

"Ijumaa vaa shati safi," alisema, akainuka.

* * *

Mama Longina Gama alishuka kutoka kwenye bajaji ya jua saa nne asubuhi, kuku chini ya kwapa, kitenge kipya kiunoni. Alikuwa mwanamke mrefu, mwenye miaka sitini na tatu, na magoti yake yalimfanya atembee kama mtu anayevuka matope.

"Shikamoo mama," Galinoma alimwamkia mlangoni.

"Marahaba. Huyu ni kuku, Mhehe. Nakwambia mapema usije ukakosea, maana nyie mnyama mnayemjua ni mmoja."

"Sisi babu zenu walituachia mbwa, mama. Walikimbia vita yetu haraka mno, hawakuwahi kuwafungua."

"Waliokimbia ni nani? Ninyi mliojificha majabalini!" Alicheka, na Redempta akacheka, na kwa muda mfupi ukumbi ulikuwa kama harusini. Kisha Longina akamwona Luhende, ameketi mwisho wa meza, shati jeupe limepigwa pasi. Alikwenda mpaka mbele yake, akamwekea kuku mapajani.

"Shemeji," alisema. Miezi saba hakuwa amelitamka neno hilo. "Nimekukosea. Nilidhani hukusema. Kumbe ulisema. Vile vilio, na mimi nimejifunika kitenge kichwani, nitasikia nini? Simu ya mtu ilisikia. Nimeisoma ile sehemu mpaka betri ikaisha." Alijifuta jicho kwa kiganja. "Umeniachia mahindi yote! Ndivyo alivyokuwa, ni mvivu kweli! Sema tena, shemeji. Sema nikusikie kwa masikio yangu."

Luhende alimshika kuku kwa mikono miwili. Akafungua mdomo. Akamtazama Galinoma.

Redempta naye alimtazama Galinoma. Fomu ilikuwa mezani na kalamu juu yake.

Galinoma alisimama. "Mama Longina. Mimi ni mtani wako au si mtani wako?"

"Kwa bahati mbaya."

"Mtani akikwambia jambo baya, unamkasirikia?"

"Ningekuwa nawakasirikia ninyi ningeshakufa. Sema."

"Basi leo nachukua haki yangu yote kwa mara moja. Hakusema."

Longina aliendelea kutabasamu, akingoja sehemu ya kuchekesha. Haikuja.

"Maneno uliyoyasoma ni ya siku ya kupukuchua mahindi. Kimashine chako hakijui kunyamaza. Mtu akinyamaza, chenyewe kinaona kimeharibika, kinatafuta neno popote kinapachika. Ulipewa kabla sijakikagua. Kosa hilo ni letu, si la Luhende. Yeye hakusema lolote pale kaburini. Wewe ulisikia sawasawa."

Uso wa Longina ulikunjamana. Aligeuka, akaanza kwenda mlangoni kwa mwendo wake wa matope. "Nirudishie kuku wangu."

"Utampata. Kwanza keti."

"Nikae nifanye nini? Nitukanwe mara ya pili?"

"Mama, ulijifunika kitenge kichwani. Umesema mwenyewe. Ulisikia. Hukuona." Galinoma aliigeuza kompyuta, kioo kikubwa kikamwelekea. Kando yake alikiegemeza kimashine cha mkononi. "Mimi kazi yangu ni kuweka hivi viwili pamoja. Tazama, kisha uende na kuku wako, na mimi nitakubebea mpaka kwenye bajaji."

Alibonyeza. Ukurasa wa mia mbili na kumi na nne.

Longina hakuketi. Alitazama akiwa amesimama, mkono mlangoni. Kilio chake mwenyewe kilisikika ndani ya mashine, na koleo. Luhende ukingoni, mkubwa karibu kama alivyo. Mdomo ukafunguka, ukafunga. Ukafunguka. Vidole vyake vilikuwa vinaikunja kofia, vinaikunja na kuikunjua. Sehemu hii yote kwenye mkononi ilikatwa, mikono haikuwepo, kofia haikuwepo. Mara ya tatu taya likatetemeka na shingo ikatoka mishipa kama ya mtu anayeinua gunia.

Sekunde arobaini ni ndefu. Hakuna aliyekohoa isipokuwa kuku.

"Rudisha," alisema Longina.

Galinoma alirudisha. Longina alitazama tena. Kisha alirudi taratibu, akaketi, si kwenye kiti chake bali kwenye kile kilicho karibu na Luhende.

"Ulikuwa unasukuma nini?" alimuuliza bila kumtazama.

"Maneno," alisema Luhende. "Yalikuwepo. Yalikataa."

"Mtani gani analia?"

"Mbovu."

"Mbovu kabisa. Mngetuletea mwingine." Alipangusa kitu kisichokuwepo kwenye kitenge. "Miezi saba nakuita mnafiki, na wewe umekaa tu kule juu unachonga mizinga. Hukuweza kuja kuniambia umeshindwa?"

"Niliona aibu, shemeji."

"Aibu! Mnyamwezi! Mababu zako walibeba meno ya tembo mpaka pwani, wewe unashindwa kubeba maneno mawili mpaka kwangu!"

Ilikuwa sauti ya hasira, lakini Redempta, ambaye alizaliwa Ungoni, alishusha pumzi. Mtu hamsemi hivyo mtu anayetaka kumfukuza.

Longina akamgeukia Galinoma. "Kaburi halijajengewa. Msalaba wa mti uko palepale. Mtani anaweza kuja kabla halijajengewa, au sheria zenu zimebadilisha na hilo?"

"Hilo hatuna sheria nalo, mama."

"Vizuri. Twendeni kabla jua halijawa kali."

* * *

Kaburi lilikuwa nyuma ya nyumba ya Gama, kando ya migomba. Luhende alilizunguka mara moja. Kisha, kwa kuegemea bega la Galinoma na kwa kugumia sana, alijilaza juu ya udongo na shati lake jeupe, akaweka kofia usoni.

Wakangoja. Kofia ilipanda na kushuka. Redempta alianza kuhesabu kimyakimya, akafika thelathini. Galinoma aliona mkono wa Longina ukikaza ncha ya kitenge.

"We Kassian," ilisema sauti chini ya kofia. Ilikuwa nyembamba, ikakohoa, ikajipanga. "We Mngoni mvivu. Unalala saa hizi? Nguruwe pori wamemaliza mihogo, na zamu ilikuwa yako. Miezi saba nakesha peke yangu! Sogea huko. Hata kitanda umechukua chote, matege yako yamejaa humu. Na sitoki. Sitoki mpaka nipewe yule jogoo mwekundu."

"Jogoo mwekundu?" Longina alipaza sauti mpaka kuku wakakimbia. "Nimekuletea kuku mzima, unataka na jogoo? Mbeba mizigo ulianza lini kuchagua?"

"Sitoki!"

"Basi baki! Nitawafukia wote wawili, nipumzike!"

Alikuwa anacheka na machozi yanatoka, na alivua khanga ya begani akampiga nayo yule mzee miguuni, mara moja, mara mbili, mara nyingi. Luhende chini ya kofia naye alikuwa anatikisika, na haikujulikana kama ni kicheko au ni kile kingine. Galinoma hakulinganisha. Alikaa chini ya mgomba, akafungua daftari juu ya goti, akaitoa fomu ndani yake, akakata neno *yanafanana* kwa mstari ulionyooka. Akasaini.

Mlalamikaji akiondoa lalamiko lake, jalada linafungwa, mchezo uwe batili au usiwe. Longina aliondoa lake alasiri hiyohiyo, kwa kidole gumba na wino, huku akitafuna bawa la kuku. Akatia sharti moja. Alitaka mchezo urekebishwe, miezi sita ikifika, apewe wa kwake wa kukaa nao. Na yale maneno ya mahindi yabaki kwenye siku ya mahindi.

* * *

Saini ile ilileta kazi. Barua ya Redempta ilipowafikia waliotengeneza Msimulizi, kata nyingine kumi na moja zilifungua vimashine vyao zikakuta mabubu wamepewa maneno, na wake waliogoma kujibu wamejibu kwa adabu. Vilianza kufika Lihungo kwa maboksi, maana waliotambua kosa hawakuwaamini tena walinganishi wao wa haraka. Galinoma aliongezewa meza. Redempta alianza kuleta chai kila siku, na hakuuliza kitu.

Mwezi wa tatu, miezi sita ilipotimia, mchezo wa Gama ulirudi. Galinoma aliuanza mwanzo, kama mtu asiyeujua. Ukurasa wa sitini na moja alicheka palepale alipocheka mara ya kwanza. Asubuhi ya siku ya tatu alifika mia mbili na kumi na nne.

Kushoto: Luhende, kofia, vilio, sekunde arobaini. Akaandika.

Akachukua kimashine, akabonyeza. Uso mdogo kama kifuniko cha chupa. Chini yake palikuwa patupu. Kinanda nacho kilinyamaza. Galinoma alikaa amekishika kiganjani, kidole gumba kikiwa kimeinuliwa, hakibonyezi.

Redempta alipita na kikombe, akachungulia juu ya bega lake. "Mzee, kimeganda?"

"Hakijaganda," alisema Galinoma. "Mwache. Anatafuta la kusema."